Sinema na Kesi za Wavumbuzi

Wahenga wetu walisema kwamba mwamba ngoma huvutia kwake. Mtu awambaye ngozi juu ya mzinga huivuta upande aliosimama yeye, na asipokuwa na mwenzake wa kuivuta upande wa pili, ngoma hupinda. Mtungaji wa sinema naye ni mwamba ngoma. Huchukua jambo lililotokea kweli, akalivuta upande wa machozi, au wa kicheko, au wa ushindi, kwa sababu hapo ndipo watazamaji walipo. Hatumlaumu kwa kuvuta, maana hiyo ndiyo kazi yake. Lakini wewe msomaji, ambaye ni mwanafunzi wa historia, una wajibu wa kujua ngozi ilikuwa wapi kabla haijavutwa.

Nataka tutazame pamoja aina moja ya hadithi ambayo sinema huipenda sana, yaani hadithi ya mvumbuzi anayekwenda mahakamani kudai haki ya uvumbuzi wake. Haki hiyo huitwa hataza. Serikali humwambia mvumbuzi hivi: wafunulie watu siri ya kazi yako kwa maandishi, nasi tutakupa muda ambao mtu mwingine yeyote hataruhusiwa kuitengeneza wala kuiuza bila idhini yako. Hapa Kenya, kwa Sheria ya Mali ya Viwanda ya mwaka 2001, muda huo ni miaka 20. Sheria haimpi hataza kila aombaye. Hudai kwamba uvumbuzi uwe mpya, usiwe jambo ambalo fundi yeyote wa kazi ile angelibuni bila taabu, na uwe wa kufaa kwa kazi. Uyaweke moyoni masharti haya matatu, maana karibu kila kesi ya hataza hushindaniwa juu yake, na aghalabu ndiyo sinema huyaacha nje.

Kesi ya kwanza ni ya Mmarekani Robert Kearns. Alizaliwa mwaka 1927, akawa mhandisi na mwalimu wa chuo kikuu katika mji wa Detroit, ambao ulikuwa makao makuu ya ufundi wa magari. Usiku wa harusi yake, mwaka 1953, kizibo cha chupa ya mvinyo kiliruka kikampiga katika jicho la kushoto, naye akapoteza karibu nuru yote ya jicho hilo. Miaka kama kumi baadaye alikuwa akiendesha gari katika mvua nyepesi, na waipa za kioo cha mbele zikamsumbua, maana waipa za siku hizo hazikujua kupumzika. Zilifuta daima, mvua iwe nyingi au kidogo, nazo kioo kikikauka zilikwaruza. Kearns akaufikiria ukope wa jicho, ambao hufunga na kufungua, kisha hutulia. Akajiuliza, kwa nini waipa isifanye vivyo hivyo?

Aliingia katika chumba cha chini cha nyumba yake akaanza kazi. Alitumia vitu vitatu vidogo vya umeme: transista, kapasita na rezista. Umeme huingia kidogo kidogo katika kapasita kama maji yajazayo mtungi. Mtungi ukifika kiasi chake, transista hufungua njia, mota huzunguka, na waipa hufuta mara moja. Kisha yote hutulia mpaka mtungi ujae tena. Dereva aweza kupunguza au kuongeza muda wa kungoja kwa kugeuza kitufe. Mwaka 1963 Kearns aliwaonyesha wahandisi wa kampuni ya Ford chombo chake. Aliomba hataza mwishoni mwa mwaka 1964, akapewa ya kwanza mwaka 1967. Mazungumzo yake na Ford yalikatika, na mwaka 1969 Ford ilianza kuuza magari yenye waipa za namna hiyo. Baadaye kampuni nyingine nyingi zikafuata.

Kearns aliishtaki Ford mwaka 1978, na Chrysler mwaka 1982. Kesi ya Ford haikumalizika mpaka mwaka 1990. Hesabu mwenyewe, msomaji: miaka 12. Mtoto aliyezaliwa siku shauri lilipofunguliwa alikuwa karibu kuingia shule ya sekondari lilipofungwa.

Kearns alikufa mwaka 2005. Mwaka 2008, miaka mitatu baada ya kifo chake, ilitoka filamu iitwayo Flash of Genius, jina ambalo maana yake ni mmweko wa kipaji. Ni filamu yenye heshima, nayo haikubuni mtu wake wala dhuluma aliyolalamikia. Lakini tuiweke sasa kando ya kumbukumbu za mahakama, tuone ngozi ilivutwa wapi.

Katika filamu, Kearns asimama peke yake mbele ya jaji kupambana na Ford. Hana wakili. Watoto wake ndio wasaidizi wake, naye huwahoji mashahidi kwa kinywa chake. Kwa kweli, katika kesi ya Ford alikuwa na mawakili wa kumsemea. Aliyoisimamia kwa sehemu kubwa yeye mwenyewe ilikuwa kesi ya Chrysler, iliyokuja baadaye. Mtungaji alichukua ushujaa wa kesi ya pili akauvika kesi ya kwanza, kwa kuwa mchezo wa saa mbili hauna nafasi ya adui wawili.

Tena, katika filamu juri, yaani watu wa kawaida walioapishwa kusikiliza shauri, yamtangaza Kearns mshindi na kumpa zaidi ya dola milioni 10, na watazamaji hushangilia. Historia yasema kwa sauti ya chini zaidi. Juri lilikubali kwamba hataza za Kearns zilikuwa halali na kwamba Ford ilizivunja, lakini liliona kwamba Ford haikufanya hivyo kwa makusudi. Fidia iliyokadiriwa baadaye na juri ilikuwa dola milioni 5.2. Ndipo Ford ilipokubali kulipa dola milioni 10.2, ili shauri liishe na lisirudi tena mahakamani. Basi zile milioni 10 hazikutoka katika kinywa cha juri. Zilitoka katika mapatano ya pande mbili zilizochoka.

Huenda ukasema, tofauti hii yafaa nini, maadamu mtu alilipwa? Yafaa sana. Mtu aitazamapo filamu huamini kwamba mahakama iliamua kuwa Ford ni mwizi. Mahakama haikusema hivyo. Ilisema kwamba Ford ilikuwa imetumia mali ya mwingine bila haki, ijapokuwa haikukusudia. Katika sheria ya hataza, aingiaye shamba la mwenziwe bila kujua mpaka wake hulipa pia, lakini haitwi mwizi. Kuna umbali mkubwa kati ya maneno hayo mawili, na mwenye kupenda haki huutunza umbali huo hata anapomsema mtu asiyempenda.

Liko na jambo lililo la uchungu kuliko hayo. Kearns hakutaka fedha tu. Alitaka kutengeneza waipa zake mwenyewe, katika kiwanda chake mwenyewe. Lakini kwa sheria ya Marekani ya wakati ule hataza ilidumu miaka 17 tangu siku ya kutolewa. Ile ya mwaka 1967 ilikuwa imekwisha mwaka 1984, miaka sita kabla ya hukumu. Mahakama ilipomfungulia mlango, nyumba ilikuwa haina kitu. Iliweza kumpa fidia ya miaka iliyopita, lakini haikuweza tena kumpa uwezo wa kuwazuia wengine wasitengeneze chombo kile. Katika kesi ya Chrysler alipata kiasi kikubwa zaidi kuliko cha Ford, yaani dola milioni 18.7 pamoja na riba, na Mahakama Kuu Kabisa ya Marekani ilikataa kulisikiliza shauri hilo tena mwaka 1995. Lakini mashtaka yake juu ya kampuni nyingine yalitupwa, kwa kuwa hakutimiza mambo yaliyotakiwa katika siku zilizowekwa. Ndoa yake ilikuwa imevunjika, na miaka bora ya maisha yake ilikuwa imekwenda na makaratasi.

Hata jina la filamu lina kasoro yake katika historia. Mwaka 1941 Mahakama Kuu Kabisa ya Marekani, katika kesi moja juu ya kiwashio cha sigara cha ndani ya gari, ilisema kwamba uvumbuzi ni lazima uonyeshe mmweko wa kipaji ndipo ustahili hataza. Maneno hayo yaliwasumbua wavumbuzi wengi, kwa sababu kazi nyingi za maana hazizaliwi kwa mmweko, bali kwa jasho la miaka. Mwaka 1952 bunge la Marekani lilitunga sheria mpya ikasema kwamba namna uvumbuzi ulivyopatikana haitaharibu haki ya hataza. Kwa hiyo Kearns alipopeleka ombi lake mwaka 1964, mmweko haukuwa tena sharti la mtu yeyote. Filamu imeipa kazi yake jina la kanuni iliyokufa miaka 12 kabla. Zaidi ya hayo, jina hilo humfundisha kijana kungoja umeme wa mbinguni, na hali mfano wa Kearns wenyewe wamfundisha kushuka katika chumba cha chini na kufanya kazi.

Tumwache Kearns, twende kwa kijana wa rika lako. Mwaka 1922 mwanafunzi mmoja wa shule katika mji mdogo wa Rigby, jimbo la Idaho, Marekani, alimchorea mwalimu wake wa kemia ubaoni mpango wa kupeleka picha kwa umeme. Jina lake Philo Farnsworth, mtoto wa mkulima. Miaka mitano baadaye, Septemba 1927, katika mji wa San Francisco, alifaulu kupeleka picha ya mstari mmoja kutoka chombo kimoja hadi kingine. Huo ulikuwa mwanzo wa televisheni ya umeme mtupu, isiyotumia magurudumu ya kuzunguka. Kampuni kubwa ya RCA, iliyokuwa na mvumbuzi wake hodari Vladimir Zworykin, ilishindana naye juu ya nani alitangulia. Yule mwalimu wake wa zamani aliletwa kutoa ushahidi, akachora tena kwa kukumbuka mchoro aliouona ubaoni. Mwaka 1934 ofisi ya hataza iliamua kwamba haki ya kutangulia ni ya Farnsworth. Mwaka 1939 RCA ilikubali kumlipa dola milioni 1 ili itumie hataza zake.

Sasa sikiliza. Mwaka 2007 mtungaji mashuhuri Aaron Sorkin alileta katika jukwaa la New York mchezo uitwao The Farnsworth Invention, ambao mwanzo aliuandika kwa ajili ya sinema. Katika mchezo huo Farnsworth ashindwa kesi. Mtungaji hakupunguza wala hakuongeza. Aliigeuza hukumu yenyewe juu chini. Farnsworth alikuwa amekufa mwaka 1971, na wafu hawana rufani. Ni kweli kwamba maisha yake yalikuwa na huzuni nyingi, vita vya dunia vilisimamisha biashara ya televisheni, na hataza zake zilikwisha kabla hajazifaidi vya kutosha. Mtungaji alitaka kuonyesha huzuni hiyo. Lakini waliosema mnyonge mnyongeni, haki yake mpeni, walikuwa wakisema jambo la namna hii. Mtu aliyepata ushindi mmoja mkubwa mbele ya sheria asinyang'anywe hata huo ili machozi ya watazamaji yatiririke vizuri.

Mfano wa tatu ni wa karibuni. Katika mji wa Berlin, Ujerumani, kundi la wasanii na wataalamu wa kompyuta liitwalo ART+COM lilitengeneza mwaka 1994 programu iliyoitwa Terravision. Mtu aliweza kuitazama dunia nzima kama aliye mbali angani, kisha akashuka mpaka juu ya mji mmoja, kwa picha za setilaiti. Mwaka 2005 kampuni ya Google ilitoa Google Earth, ambayo leo wanafunzi wengi huitumia katika somo la jiografia. ART+COM waliona kazi yao humo, wakaishtaki Google mwaka 2014 katika jimbo la Delaware. Mwaka 2021 kampuni ya Netflix ilionyesha mchezo wa sehemu nne, The Billion Dollar Code, juu ya mambo hayo. Ndani yake wamo vijana wawili, mmoja msanii na mmoja mtaalamu wa kompyuta, marafiki walioaminiana, wakaumizwa na mtu waliyemwamini, wakashindwa mahakamani. Mtazamaji huondoka amejaa hasira juu ya mwenye nguvu.

Vijana hao wawili hawakuwako. Walioitengeneza Terravision walikuwa zaidi ya wawili, na mtungaji aliwayeyusha wote katika sura mbili. Hilo ni jambo dogo. Jambo kubwa ni kwamba mchezo uliacha nje ushahidi uliokuwa nguzo ya hukumu. Huko California, taasisi ya utafiti iitwayo SRI ilikuwa imetengeneza programu yake ya kutembea juu ya ramani ya dunia, nayo kwa bahati ya ajabu iliitwa jina hilo hilo, TerraVision. Mhandisi aliyekuwa wa taasisi hiyo alikuja kutoa ushahidi. Mwaka 2016 juri liliamua kwamba Google haikuvunja hataza ya ART+COM, na kwamba sehemu za hataza zilizodaiwa hazikuwa halali. Mwaka 2017 mahakama ya rufani ilikubaliana na hukumu, ikisema kwamba kazi ya SRI ilikuwa imetangulia. Lile sharti la kwanza nililokuomba uliweke moyoni, kwamba uvumbuzi uwe mpya, ndilo lililoamua shauri.

Je, yafuata kwamba watu wa Berlin hawakufanya kazi njema? Hasha! Kazi yao ilikuwa nzuri, na walioiona waliistaajabia. Lakini watu wawili waweza kuchimba kisima kimoja kutoka pande mbili bila kuibiana. Mchezo wa sinema hauna subira na habari ya namna hii, kwa sababu kisima kisicho na mwizi hakina mchezo.

Sasa tuyakusanye. Katika mfano wa kwanza, mshindi ameongezewa ushindi. Katika wa pili, mshindi amefanywa mshinde. Katika wa tatu, sababu ya kushindwa imefichwa. Namna ni tatu, lakini chanzo ni kimoja. Kesi ya hataza ni jambo refu, kavu, lenye makaratasi mengi na watu wengi. Sinema hutaka jambo fupi, lenye machozi, na lenye watu wawili: mwema na mwovu. Basi miaka 12 hufanywa siku chache, mawakili kumi hufanywa mmoja au hawako kabisa, na swali la kama jambo ni jipya hugeuzwa kuwa swali la nani ni mwizi.

Hasara yake haiishii kwa waliokufa. Kijana aliyelelewa na sinema hizi akibuni kitu, ataamini kwamba wazo lililo kichwani ni mali tayari. Sivyo. Kearns alipata fidia kwa kuwa alikuwa na hataza mkononi, na Farnsworth alishinda kwa kuwa mchoro ulikuwa na shahidi. Ataamini kwamba hana haja ya wakili, kwamba kweli itajisemea. Sivyo. Kearns mwenye kweli alipoteza kesi nyingi kwa kuchelewa siku. Ataamini kwamba kila mkubwa ni mwizi na kila mdogo ameonewa. Pengine ni hivyo, na pengine sivyo, na kazi ya kutambua ndiyo inayoitwa haki.

Kwa hiyo, msomaji, sikukatazi kuingia katika sinema. Ingia, ufurahi, ulie ukitaka kulia. Lakini utokapo nje jiulize maswali manne. Nani katika watu hawa aliishi kweli, na nani amebuniwa? Nani alikuwako nami sikumwona? Mambo haya yalichukua miaka mingapi? Na mahakama yenyewe, kwa maneno yake, ilisema nini? Hukumu za mahakama huandikwa, na nyingi zaweza kusomwa na mtu yeyote. Ni kavu kuliko sinema, nakubali. Lakini humo ndimo utakapomwona Kearns mzee akipewa haki yake baada ya muda wake kupita, na mwalimu wa Rigby akichora kwa mara ya pili ule mchoro wa mwanafunzi wake. Mambo hayo hayakuhitaji kuvutwa upande wowote.